Uzoefu wangu wa kuwa mwongozaji msaidizi na mwigizaji katika filamu moja

Kazi yangu ya kila siku ni ya mwongozaji msaidizi wa kwanza, yaani mtu anayepanga ratiba ya kurekodi filamu na kusimamia kikosi, lakini katika filamu kadhaa nimepewa pia nafasi ya kuigiza, mara nyingi uhusika mdogo wenye maneno machache, na mara chache uhusika unaoonekana tangu mwanzo wa hadithi hadi mwisho. Wanaoanza kazi hii huniuliza nimewezaje kushika yote mawili. Mimi naamini jambo hili huamuliwa kwenye ratiba, kabla kamera haijawashwa.

Msaidizi wa kwanza huichambua skripti onyesho kwa onyesho, akiandika mahali, mchana au usiku, waigizaji, mavazi, vifaa na magari. Kila ukurasa huhesabiwa kuwa na sehemu 8, kwa hiyo onyesho la robo tatu ya ukurasa huandikwa 6/8. Ukurasa mmoja hukadiriwa kuwa dakika 1 ya filamu, ila makadirio hayo hayakuambii lolote kuhusu muda wa kurekodi, kwa sababu mstari mmoja tu unaosema kwamba umati unakimbia unaweza kumaliza siku nzima. Kisha maonyesho hupangwa upya kwa kufuata mahali, mwanga na nafasi za waigizaji, wala si kwa mfuatano wa hadithi. Hapo ndipo ninapojipangia na mimi: maonyesho yangu hukaa siku chache zinazofuatana, na kamwe hayawekwi siku yenye umati, watoto, moto au magari yanayokwenda kasi, kwa kuwa siku hizo usalama wa watu humtaka msaidizi wa kwanza mwenye akili yake yote pale alipo.

Siku ya kuigiza, makabidhiano lazima yawe kamili. Asubuhi, mbele ya kikosi kizima, ninamkabidhi msaidizi wa pili redio ya mawasiliano na kutangaza kwamba hadi nitakapovua mavazi ya uhusika, amri zote zitatoka kwake. Kazi yake ya kawaida, yaani kuandaa ratiba ya kesho na kufuatilia waigizaji kwenye vipodozi na mavazi, hushikwa na msaidizi wa tatu. Kuigiza huku unasikiliza nani amechelewa na mwanga umebaki kiasi gani hakuwezekani. Macho hukusaliti, na kamera huyaona.

Hata hivyo, kazi ya usaidizi imenisaidia sana katika uigizaji. Katika onyesho moja nilitakiwa kunyanyua kikombe wakati nikizungumza. Nilichagua neno la kukinyanyulia na neno la kukiweka chini, nikatumia mkono uleule katika picha ya mbali na ya karibu, kwa sababu najua mhariri hawezi kuunganisha vipande viwili ambavyo katika kimoja kikombe kiko mezani na katika kingine kiko mdomoni.

Nami nimejifunza mengi kwa kusimama upande wa pili. Mwigizaji anayesubiri kwa saa nyingi akiwa amevaa tayari anastahili kuambiwa ukweli kuhusu kuchelewa, na sasa mimi mwenyewe humwendea na kumwambia. Aidha, nilipokuwa nikisema maneno mazito, mtu mmoja wa kikosi alisimama nyuma ya mwenzangu, sawasawa na pale nilipokuwa nikitazama, na mawazo yangu yote yakapotea. Tangu wakati huo, kabla ya kuomba ukimya, mimi husafisha kwanza njia ya macho ya mwigizaji, yaani upande anaoutazama.

Wengi huichukulia kazi hii ya usaidizi kuwa ngazi tu ya kufikia uongozaji. Akira Kurosawa, mwongozaji maarufu wa filamu wa Japani, alipita njia hiyo kweli: aliingia studio mwaka 1936 akiwa msaidizi, na filamu yake ya kwanza kama mwongozaji ilitoka mwaka 1943. Lakini wasaidizi wengi wa kwanza huishia kwenye usimamizi wa uzalishaji, na mimi sioni hasara yoyote. Kinachonivuta ni seti yenyewe, yaani mahali pa kurekodia, na ningali nakubali uhusika kila ninapopata msaidizi wa pili ninayemwamini.