Ripoti ya bwawa iliyochongwa jabalini

Ripoti ya bwawa lililopasuka ninayoipenda kuliko zote haikutoka kwenye ofisi yoyote ya maji. Imechongwa kwenye jabali huko Junagadh, jimbo la Gujarat, India, yapata mwaka 150, na imeandikwa kwa Kisanskriti, lugha ya kale ya India. Ni miongoni mwa maandishi marefu ya kale zaidi ya lugha hiyo yaliyobaki juu ya jiwe. Wasomi wa lugha wanaisifia kwa ufasaha wake. Mimi naisifia kwa vipimo.

Mimi ni fundi sanifu wa maji. Hapa Dodoma hiyo ina maana ya visima virefu, pampu zinazokufa siku ya Jumapili, na malambo ya mifugo ambayo mvua ya Desemba huyajaza na mara nyingine huyabeba na tuta lake. Habari za jabali nilizipata dukani Madukani, kwa mzee mmoja wa Kigujarati anayeniuzia mabomba na koki. Babu yake alitoka upande huo wa Junagadh. Nilikuwa namlalamikia kuhusu lambo moja lililokatika katikati ya msimu, akanisikiliza mpaka mwisho, kisha akasema, "Fundi, hiyo si habari. Kwetu waliandika kabisa kwenye mwamba." Nilidhani ananitania. Nikaenda kutafuta tafsiri.

Bwawa liliitwa Sudarshana. Lilijengwa enzi za mfalme Chandragupta Maurya na gavana wake Pushyagupta, na mifereji ikaongezwa enzi za mjukuu wake, mfalme Ashoka. Miaka karibu mia nne baadaye, chini ya mfalme Rudradaman, ikaja tufani katika mwezi wa Margashirsha, ambao huangukia Novemba na Desemba, siku zile zile ambazo sisi huku tunaanza kuangalia mawingu. Mito ikafurika, upepo ukang'oa miti, tuta likakatika. Ripoti haisemi "uharibifu mkubwa" kama tunavyoandika sisi tukiwa wavivu. Inasema ufa ulikuwa na urefu wa mikono 420, upana vilevile, na kina cha mikono 75.

Mkono ni ule ule wa wazee wetu, kutoka kiwiko hadi ncha ya kidole, kasoro kidogo ya nusu mita. Kwa hiyo tunazungumzia ufa wa karibu mita mia mbili. Hapo naamini. Kina cha mita thelathini na kitu, hapo namshuku mwandishi kidogo, ila najua pia kwamba maji yakishapata njia huchimba kuliko mashine. Maji yote yakaisha, na bwawa, anasema, likawa kama jangwa. Kisha anacheza na jina: Sudarshana ni "lenye kupendeza kutazama", sasa limekuwa durdarshana, baya kulitazama. Silabi moja tu imebadilika. Nimeshawahi kusimama kwenye kingo za lambo tupu, tope limepasuka vipande vipande na ng'ombe wamesimama wakiliangalia, na sikupata neno hata moja zuri kama hilo.

Halafu inakuja sehemu ambayo kila mtu aliyewahi kukaa kwenye kikao cha mradi ataitambua. Washauri wa mfalme walikataa. Wakasema ufa ni mkubwa mno, kazi haifai kuanzwa. Watu wakalia kwa kukata tamaa. Aliyesimamia ukarabati mwishowe ni afisa aitwaye Suvishakha, na tuta jipya likawa imara kuliko la kwanza. Mfalme anajisifu kwamba fedha zilitoka hazina yake mwenyewe, bila kuwatoza watu wa mijini na vijijini kodi wala kuwafanyisha kazi ya lazima. Kujisifu ni kujisifu, lakini angalau alijua ni kitu gani cha kujisifia.

Sasa turudi kwenye namba, maana ndizo zilizonifanya nikae na maandishi haya usiku mzima badala ya kulala. Vipimo vyote vimeandikwa kwa maneno. Sabini na tano ni panchasaptati, yaani tano-sabini, kidogo kwanza na kikubwa baadaye. Lakini mwaka, ambao kwa hesabu yao ya Kihindi ni wa 72, yaani 150 wa kwetu, umeandikwa mara mbili. Kwanza kwa neno, dvisaptati, mbili-sabini. Halafu kwa alama: alama ya 70 na pembeni yake alama ya 2.

Yeyote aliyewahi kujaza stakabadhi anaijua hiyo. Kwa tarakimu, kwa maneno. Mzee wa dukani akiniandikia risiti ya laki nne na nusu hunidai niangalie pande zote mbili, kwa sababu tarakimu ni rahisi kuongezewa mkia na neno halikubali. (Laki yenyewe ni laksha ya Kisanskriti, mia elfu. Wao huendelea hadi koti, milioni kumi. Sisi tulichukua laki, tukaishia hapo.)

Angalia vizuri zile alama za jabali lakini. Ile ya 70 si saba na sifuri. Ni alama moja yenye umbo lake, kama vile kila kumi lilikuwa na umbo lake. Herufi za wakati huo ni za Brahmi, na tarakimu za Brahmi hazikuwa na nafasi ya mamoja, makumi na mamia kama tunavyowafundisha watoto. Ukitaka kuandika namba kubwa unahitaji rundo la alama. Nafasi na sifuri vilikuja baadaye, na ukitaka kuviona kwenye jiwe inabidi uhame Junagadh. Nenda Sambor, Kambodia: huko mwaka wa Kihindi 605, yaani 683 wa kwetu, umechongwa kwa Kikhmer cha kale ukiwa na nukta katikati kama sifuri. Au nenda Gwalior, India, kwenye hekalu dogo lenye maandishi ya mwaka 876. Hapo tena ni kipimo cha shamba, Mungu awabariki: bustani ya maua ya mikono 270 kwa 187, itakayotoa mashada 50 kila siku kwa hekalu. Sifuri za 270 na 50 ni viduara vidogo, unavisoma bila mwalimu. Kati ya mawe hayo mawili na daftari langu la vipimo wapo wanahisabati akina al-Khwarizmi wa Baghdad, waliozipokea tarakimu za Wahindi na kuzipeleka mbele. Shunya, tupu, ikawa sifr kwa Kiarabu, ikatufikia sifuri.

Nilimpelekea mzee picha ya jabali kwenye simu, nikiamini atanisomea. Akacheka. Hawezi kusoma hata herufi moja. Kitabu chake cha sala ni Kisanskriti, lakini kimepigwa chapa kwa herufi za Kigujarati, zile zisizo na mstari juu. Mhindi wa kusini angesoma sala hiyo hiyo kwa herufi za Grantha au Kimalayalam, wa Kashmir wa zamani kwa Sharada. Kisanskriti hakikuwahi kuwa na mwandiko wake peke yake. Devanagari, ambayo wengi wanadhani ndiyo yake, ilizidi nguvu hasa baada ya mashine za kuchapa. Kwa sisi ambao tenzi zetu ziliandikwa kwa herufi za Kiarabu kabla ya hizi tunazotumia leo, hilo halipaswi kutushangaza sana. Na jabali lenyewe ni ushahidi: upande mmoja lina amri za Ashoka, herufi za ukoo ule ule wa Brahmi, lakini lugha si Kisanskriti, ni Kiprakriti, lugha ya watu wa kawaida.

Kinachonivutia zaidi ni kwamba hata baada ya kupata tarakimu zenye sifuri, washairi na wanajimu wao waliendelea kukwepa kuziandika. Vitabu vyao vya hesabu na nyota vilikuwa mashairi, na tarakimu haiingii kwenye shairi. Tena mnakili akiteleza kwenye tarakimu hakuna anayejua, ila akiteleza kwenye neno mizani inapotea na kila msikilizaji anashtuka. Basi wakazipa namba majina ya vitu. Moja ni mwezi, kwa kuwa upo mmoja. Mbili ni macho. Tatu ni moto, kwa mioto mitatu ya sadaka. Nne ni Veda, vitabu vyao vitakatifu. Tano ni mishale, kwa mishale mitano ya mungu wa mapenzi. Sita ni majira, maana wao wanahesabu majira sita ya mwaka. Saba ni milima. Nane ni tembo wanaobeba pande za dunia. Tisa ni sayari, wakijumlisha jua na mwezi humo. Sifuri ni anga. Na unasoma kuanzia mamoja, kwenda kushoto.

Beti yao ya kawaida, shloka, ina vipande vinne vya silabi nane nane. Utenzi nao una vipande vinne vya mizani nane nane. Sidai undugu wowote hapo, lakini nilipoligundua sikuweza kujizuia. Nilitafuta mwaka unaohusu mji wetu, nikachukua ule wa uamuzi wa kuhamishia makao makuu huku:

Moto, milima, sayari,
mwezi kisha ni tayari,
mwaka wetu wa shauri,
Dodoma kuhamishia.

Tatu, saba, tisa, moja. Geuza: 1973.

Nilimsomea mzee dukani, wateja wawili wakisubiri gundi ya mabomba. Alihesabu kwa vidole, akakubali milima. Kisha akaniuliza ningefanyaje kama ningetumia bahari. Maana bahari, akasema, wengine huhesabu nne, wengine saba. Nikaenda kuhakikisha na ni kweli: bahari ina namba mbili, na dunia pia wapo wanaozihesabu tatu na wapo wanaozihesabu kumi na nne, na wasomi wanabishana juu ya tarehe za vitabu kwa ajili hiyo hiyo. Kwenye shairi sawa, watabishana wenyewe. Kwenye kisima siwezi. Nne au saba ni tofauti ya mabomba matatu, na mabomba akishayakata mzee hayarudishi.