Siku Tuliyofukua Miti ya Barabarani

Miti ile ilikuwa imetimiza miaka 4 ardhini, safu moja kando ya barabara iliyopanuliwa, mti na mti mita 8. Spishi moja, kitalu kimoja, mkandarasi mmoja, yote ilipandwa ndani ya juma moja. Lakini ukitembea kutoka mwanzo wa safu hadi mwisho ungedhani imepandwa na watu watatu wasiojuana. Mingine ilikuwa imekauka kutoka ncha za matawi kuja chini. Mingine ilikuwa na majani machanga ya njano, mishipa tu ndiyo ya kijani. Na michache, yote ya kipande cha mwisho, ilikuwa na mashina mara mbili ya wenzake.

Kila idara ilikuja na jibu lake. Watu wa maji walisema miti ina kiu, wakaongeza safari za boza. Watu wa barabara walisema spishi haifai. Mkandarasi alisema wakazi wanaivunja. Mimi niliomba tuchimbe: mmoja uliokufa, mmoja wa njano, na mmoja uliostawi. Huo wa tatu ndio ulioleta ubishi. "Bwana miti, mzima una kosa gani?" aliuliza mhandisi. Hauna kosa, na ndiyo sababu ya kuuchimba. Ukifukua wafu peke yao utakuta kasoro nyingi, na hutajua kamwe kama mzima naye anazo.

Katapila tulilikataa. Meno ya ndoo yake hurarua mizizi, na ukishararua ushahidi huna la kusoma. Tulichukua sululu, chepeo, mtaimbo, brashi ngumu, ndoo za maji na nondo ya milimita 8 iliyochongwa ncha. Mchimbaji mkubwa, mzee aliyewahi kufanya kazi ya kulaza mabomba, alielekezwa aanze mita moja na nusu kutoka kwenye shina na kuja ndani taratibu. Ukianzia shinani utakata kile unachokitafuta.

Uliokufa ulijieleza kabla hata ya sululu. Shina la mti hutanuka linapokaribia ardhi, pale linapogawanyika kuwa mizizi. Hapo ndipo shingo ya mti. Hili lilizama ardhini wima kama nguzo ya simu. Shingo tuliikuta sentimita 17 chini. Kina hicho hakikuletwa na mtu mmoja. Kitaluni mche huhamishwa kutoka kiriba (mfuko wa kuoteshea) kidogo kwenda kikubwa na kuongezewa udongo juu. Barabarani mpandaji husawazisha uso wa kiriba na uso wa njia ya miguu, bila kuangalia shingo iko wapi. Kisha udongo laini ulio chini ya mche hutitia, na mche hushuka nao. Mwishoni huja matandazo, yakarundikwa shinani badala ya kutandazwa kwa unene wa sentimita 5 hadi 10 na kuachwa mbali na gome.

Chini ya shingo mizizi ilikuwa bado na umbo la kiriba. Ilikuwa imezunguka, ikarudi, na mmoja wa unene wa kidole gumba ulikuwa umelibana shina. Ulipokwanguliwa, gome la juu ya mbano lilikuwa limevimba na la chini yake limekauka kahawia. Dawa ya hili ni ya siku ya kupanda: toa kiriba chote, chana bonge la udongo wima kwa kisu kikali sehemu 3 au 4, sentimita 2 au 3 kuingia ndani, na kata kila mzizi uliokwisha kujizungusha. Mche utasononeka wiki kadhaa. Usipochana, mti utasononeka baadaye, ukiwa umeshagharimiwa maji ya miaka.

Mti wa njano ulinuka. Tulipofika sentimita 50 udongo ulikuwa wa kijivu kinachoelekea bluu, wenye harufu ya mayai viza, ishara kwamba hewa iliisha zamani. Shimo lilikuwa limetobolewa kwa mashine katika udongo wa mfinyanzi, na kuta zake zililainishwa hadi kung'aa. Ndani wakajaza mchanganyiko mzuri wa mboji. Kwa maneno mengine, walichimba ndoo wakaipandia mti. Mizizi ilifika ukutani ikageuka. Pembeni tulichimba kishimo cha sentimita 40, tukakijaza maji yakanywewa, tukajaza tena na kuweka rula. Maji yakishuka chini ya sentimita 2.5 kwa saa, udongo huo haupitishi maji vizuri. Yetu hayakufika hata nusu ya hapo. Kwa hiyo boza lililokuwa likipita kuuokoa mti huu lilikuwa linauzamisha. Mche wa shina la sentimita 5 huhitaji kiasi cha lita 75 kwa wiki wakati wa ukame, lakini kwenye udongo unaopitisha maji. Kumwagia safu nzima kiasi kimoja bila kuchomeka kidole ardhini ni kazi ya ratiba, si ya miti.

Njano yenyewe ilikuwa na sababu ya ziada. Chini ya mboji kulikuwa na kifusi cha zege. Saruji hupandisha pH, yaani kipimo cha asidi na alkali, na udongo ukipita 8, chuma na manganizi hubaki humo bila mzizi kuweza kuvinyonya. Mti nao hauwezi kuhamisha chuma kutoka majani ya zamani, ndiyo maana majani machanga ndiyo yanayoanza. Kunyunyizia chuma majanini hurudisha rangi kwa msimu, kifusi kikingali palepale.

Mzima tuliuacha mwisho, jua likiwa limepungua ukali, na kila mzizi uliofunuliwa ukafunikwa papo hapo na gunia lililolowekwa. Hapo mkandarasi alicheka kwa mara ya kwanza siku hiyo, kwa sababu shingo yake nayo ilikuwa imezikwa, sentimita 9, na alama za kiriba zilionekana. Kasoro zilezile kwa kipimo kidogo! Ila upande mmoja mzizi mnene ulikuwa umetoka shimoni na kwenda moja kwa moja chini ya njia ya miguu. Tuliinua vigae tukaufuata. Baada ya kama mita 2 uliingia kwenye ukanda wa udongo wa rangi tofauti, ukagawanyika na kukimbia pande zote mbili. Mzee akaushika udongo ule, akausugua vidoleni. "Huu ni mtaro wa nyaya za simu. Tulirudishia mchanga na udongo, hakuna aliyeshindilia."

Nondo ilithibitisha. Kwenye mtaro ilizama sentimita 60 kwa mkono mmoja. Hatua moja kando, chini ya vigae, iligoma kabla ya sentimita 10. Tulichukua sampuli kwa mikebe ya sentimita za ujazo 100, zikakaushwa kwenye tanuri kwa nyuzi 105 na kupimwa. Chini ya vigae ilipatikana gramu 1.9 kwa kila sentimita ya ujazo, mtaroni 1.4. Katika udongo tifutifu mizizi huanza kukwama karibu na 1.6, na katika mfinyanzi mapema zaidi. Miti ya kipande cha mwisho ilistawi kwa sababu mtaro ulipinda pale na kuikaribia. Hakuna aliyeipangia.

Mhandisi hakuwa adui. Kanuni zake zinamtaka ashindilie msingi wa njia hadi asilimia 95 ya msongamano wa juu uliopimwa maabara, maana njia ikititia atalaumiwa yeye. Tulichokosa ni hesabu ya pamoja. Mti unaotarajiwa kuwa na kivuli cha upana wa mita 8 hufunika takriban mita za mraba 50. Kwa kila mita ya mraba ya kivuli huhitaji kama mita za ujazo 0.6 za udongo unaopenyeka. Hiyo ni mita za ujazo 30. Mchoro uliupa kila mti mita ya ujazo 1.

Kwenye ukingo wa shimo ndipo wazo jipya lilipozaliwa: badala ya mashimo, handaki moja chini ya njia ya miguu, upana mita 2.5, kina mita 1, likiunganisha miti yote. Kwa nafasi ya mita 8 kila mti unapata mita za ujazo 20, na unaazima kwa jirani. Ili njia ya miguu iliyo juu yake isititie, mzigo hubebwa na mawe: Stockholm hutumia mawe yaliyovunjwa ya milimita 100 hadi 150, yakashindiliwa kwanza, kisha udongo ukasukumwa kwa maji kuingia mianyani, na mchanganyiko uliobuniwa Chuo Kikuu cha Cornell ni mawe 80 kwa udongo 20, kwa uzito. Naupenda wa Stockholm zaidi. Ila yote miwili hudanganya kwenye karatasi, kwani sehemu kubwa ya ujazo ni jiwe, na jiwe halinyweki. Penye nafasi ya udongo halisi usioshindiliwa, toa udongo halisi.

Mtu mmoja alipendekeza tung'oe yote na kupanda spishi moja ngumu isiyokufa. Miji mingi ya Marekani ilipoteza miti ya jenasi (kundi la spishi ndugu) Ulmus kwa ugonjwa wa kuvu, ikapanda Fraxinus kwa wingi uleule, kisha mwaka 2002 mbawakawa mla-Fraxinus akagunduliwa karibu na Detroit. Frank Santamour, mtaalamu wa miti wa Marekani, alishaandika mwaka 1990: spishi moja isizidi asilimia 10 ya miti ya mji, jenasi 20, familia 30. Safu yetu ilikuwa na asilimia 100.

Handaki lilikubaliwa kwa kipande cha majaribio tu, sehemu ambayo vigae vilikuwa vibovu na vingeinuliwa hata hivyo. Miti ambayo shingo ilizikwa kwa kina kidogo ilifukuliwa shingo kwa mikono, mizizi inayobana ikakatwa kwa patasi, na kutoka kila shimo ikachimbwa mitaro 3 kama miale, upana sentimita 20, kina 50, ikajazwa tifutifu na mboji. Iliyokuwa majini iling'olewa. Hakuna tiba ya mizizi iliyooza. Kipengele kilichopigiwa kelele zaidi kilikuwa kwenye mkataba: awamu ya mwisho ya malipo ingetolewa baada ya mkaguzi kuiona shingo ya kila mti kwa macho na kusoma rula ndani ya shimo kabla halijajazwa. Mkandarasi aliomba asome rula mwenyewe. Tulikataa.