Usiku wa mvua Paris, 1961

Jana nimekesha nasoma habari za Oktoba 17, 1961 pale Paris, na bado inaniuma. Waalgeria, watu wa viwandani na ujenzi, wengi wanaishi vibanda vya Nanterre, pembezoni mwa jiji, alafu mkuu wa polisi Maurice Papon anawawekea kafyu wao tu, saa 2:30 usiku mpaka 11:30 alfajiri. FLN, chama kilichokuwa kinapigania uhuru wa Algeria kutoka kwa Ufaransa, ikawaambia tokeni muandamane ila mtu asibebe silaha yoyote. Wakatoka na wake na watoto, mvua inanyesha, wamevaa nguo zao za kutokea, wengine na tai shingoni, wakapokelewa na virungu. Zaidi ya 11,000 walikamatwa, wengine wakatupwa Mto Seine, na kwa miaka mingi hesabu ya serikali ikabaki wafu watatu. Watatu jamani!