Usiku wa Miezi Miwili

Daftari lenyewe ninalo bado. Jalada limeng'oka, kurasa zimeingia madoa ya mafuta ya kaimati, na ndani yake mna hati za watu wawili: yangu ya biro ya buluu, na ya Bibi, kwa herufi za Kiarabu, ikitoka kulia kwenda kushoto.

Mwaka 2005 nilikuwa kidato cha pili, tukikaa Pumwani, Nairobi, na kwa muda mrefu nilikuwa nikiiumba dunia yangu. Niliiita Ngarawe. Ramani nilikwisha kuichora, wafalme nilikwisha kuwapanga ukoo kwa ukoo. Ila kazi niliyoipenda kuliko zote ni kalenda. Ngarawe ilikuwa na miezi miwili angani, mkubwa ukizunguka kwa siku 28, mdogo kwa siku 13. Mwaka ulikuwa wa siku 364, kwa hiyo mkubwa ulizunguka mara 13 kamili, mdogo mara 28 kamili, na siku ya mwaka mpya yote miwili ikaandama pamoja. Hapakuwa na siku iliyozidi wala iliyopungua. Usiku nilipoipata hesabu ile sikupata usingizi kwa furaha.

Magharibi ya mfungo wa ishirini na tisa tulifuturu haraka haraka, na watu wakapanda juu ya gorofa kuutafuta mwezi. Vuli ilikuwa imeanza, mawingu yamefunga upande wote wa machweo. Halafu stima ikapotea. Mimi nilibaki chini na Bibi, kandili katikati yetu, naye akimenya kitunguu thomu cha pilau ya sikukuu ambayo hakuna aliyejua kama ni kesho au kesho kutwa. Nikaona ndiyo nafasi ya kumsomea kalenda yangu.

Bibi alizaliwa Lamu, binti wa nahodha wa jahazi. Alinisikiliza mpaka mwisho bila kunikatiza.

"Mashallah, mume wangu. Sasa nambie, hao watu wako, siku yao inaingia lini?"

"Saa sita usiku, Bibi."

"Na nani yuko macho saa hiyo kuipokea?"

Sikuwa na jibu. Akaniambia jua likizama siku mpya imeshaingia; usiku ule tuliokuwa nao ulikuwa tayari wa kesho. Maneno hayo nilikuwa nikiyasikia tangu utotoni, kila mtu aliposema usiku wa kuamkia Ijumaa, wala sikuwahi kufikiri kwamba hiyo nayo ni kalenda.

"Bahari wanayo?"

"Wanayo, Bibi."

"Mwezi huu mmoja wa Mungu, ukiandama ni bamvua, maji yanajaa kupita kawaida, ukipevuka ni bamvua tena, katikati maji mafu. Hiyo yako miwili ikivuta pamoja siku ya mwaka, mji utasalia?"

Darasani tulikuwa tumefundishwa kwamba mwezi huvuta maji. Lakini kalenda yangu ilikuwa ya hesabu tupu. Ndani yake hamkuwa na mtu wa kulowa miguu. Pale pale nikaiona Ngarawe upya: wazee wanabeba mikeka kuelekea mlimani, mitumbwi imefungwa kwenye milango ya nyumba, bahari imeingia sokoni. Mwaka mpya wao ulikuwa siku ya kuhama.

Bibi aliweka kisu chini. Akanieleza kwamba baba yake aliishi na miaka miwili kwa pamoja. Wa kwanza ni wa mwezi, wenye siku kama 354, na kwa kuwa unapungukiwa na kama siku 11 kwa mwaka wa jua, Ramadhani hurudi nyuma kila mwaka. Yeye mwenyewe alishafunga kwenye masika, akafunga kwenye kiangazi, akafunga kwenye baridi ya Julai hapa Nairobi. Wa pili ni wa jua, siku 365, unaanzia Nairuzi, siku ambayo watu walikwenda kuoga baharini. Huo ulihesabiwa kumi kumi, kila kumi ni mwongo mmoja, miongo 36 na siku tano juu. Kwa miongo nahodha alijua upepo wa kaskazi utaleta lini majahazi ya Arabuni, na wa kusi utayarudisha lini.

"Na miezi yao inaitwaje?"

Niliipa majina ya wafalme. Bibi akachukua daftari na kuandika ya kwao: Mfungo Mosi, Mfungo Pili, hadi Mfungo Tisa, kisha Rajabu, Shaabani na Ramadhani. Miezi tisa inahesabiwa tangu watu walipoacha kufunga! Nilimtazama akiandika, mkono ukinukia thomu, nikatamani kufuta wafalme wangu wote.

Juu mtoto akapiga kelele, "Umeonekana! Umeonekana!" Vishindo vikasikika kwenye ngazi. Halafu sauti ya mtu mzima, "Hapana, ni taa ya ndege."

Bibi hakuinuka. Aliuliza tu, kwa kelele, "Wangapi wameuona?" Hakuna aliyejibu. Kisha akanigeukia.

"Huko Ngarawe mawingu hakuna?"

Pilau ilikuwa haijapikwa, kanzu haijapigwa pasi, mtaa mzima uko juu ya mapaa ukibishana. Wapo ambao wangekula Idi kesho yake, wapo ambao wangekamilisha thelathini. Nilifungua ukurasa mpya, nikaandika polepole kwa mwanga wa kandili: baada ya siku ya ishirini na nane inakuja siku isiyo na jina. Si ya mwezi uliopita wala ya mwezi ujao, mpaka mashahidi wawili washuke mlimani. Siku hiyo hakuna anayelipa deni, hakuna anayeoa, na kila nyumba huacha mlango wazi ikiwangoja.

Bibi aliomba nimsomee tena, hasa hapo kwenye mlango.