Siku moja ya fundi saa Kariakoo, msimu huu wa Mvumo

Saa 12 asubuhi
Nimebanwa mlangoni kwenye Mwendokasi tangu Kimara, bahasha ya betri nimeikumbatia kifuani, nashuka Msimbazi shati limeshajikunja lote. Kabla sijafika mezani wawili wameshanidaka njiani, "fundi nirekebishie basi hii, jana ulinipitia". Wanamaanisha Mvumo. Kwa wageni niseme tu kwamba ni sauti nzito inatokea huko bondeni Jangwani, inafika mpaka Mnazi Mmoja hivi, na popote inaposikika muda unakwama, watu, feni, saa, vyote tuli, ila nje ya hapo dunia inaendelea na mambo yake. Wewe uliyekwama unaona ni sekunde tu, meno yanawasha kidogo basi. Vibaka walijaribu kuziba masikio na pamba ili watuvue mifuko vizuri, wapi, ule mlio unapita kwenye mifupa, wakagandishwa mkono ukiwa mfukoni mwa mtu lol.

Saa 2
Napanga meza. Bisibisi, kibano, lensi ya jichoni. Saa za ukutani za kuuza nazitundika zote na kuzilinganisha. Kazi za asubuhi ni zilezile, kubadili betri, kukata mkanda, kusogeza mishale ya watu waliokwama jana. Simu zenyewe zinajirudisha zikipata mtandao, saa ya mkononi ndo haina wa kuiambia, hapo ndo ugali wangu ulipo.

Saa 3 na nusu
Anakuja mzee mmoja wa Ilala, shikamoo mzee, marahaba, anafungua leso. Nikaona nikanyamaza. Accutron jamani, saa ya kampuni ya Bulova! Hizi zilianza kutoka 1960 na ndani hazina balansi, lile gurudumu la kwenda na kurudi, zina uma mdogo wa chuma unaotetemeka mara 360 kwa sekunde, ukiiweka sikioni haisemi tik tik, inaimba kama mbu. Kuna kigurudumu humo hakifiki milimita tatu na kina meno 300, kibano kikiteleza umeua urithi wa mtu. Shida yake ilikuwa betri, zile za zamani zilikuwa za zebaki volti 1.35, hizi za sasa ni 1.55 kwa hiyo inakimbia hovyo. Nikatia daiodi ndogo ya kupunguza umeme, ikatulia. Nikamwambia mzee aniachie mpaka jioni niiangalie inavyokwenda.

Saa 4 na nusu
Mama ntilie kaleta chai na chapati, nimenyanyua kikombe tu, meno yakawasha. Basi, ndo huo. Naangalia, chai bado inafuka moshi, simu imetafuta mtandao kidogo halafu ikaruka, saa tano na robo! Mtaa mzima makelele, vibarua wa kushusha mzigo wanabishana na tajiri wao maana yeye anahesabu kwa saa na amesema hiyo iliyokwama hailipi. Kila siku ugomvi huo na kila siku anashinda yeye.

Saa 5 na nusu (ya simu)
Huyu hapa kijana wa kausha damu, ile mikopo ya riba kali, katoka Mbagala, huko Mvumo haufiki. Marejesho yangu mwisho saa tano kamili. "Fundi umechelewa, faini elfu mbili." Nikamwonyesha ukuta, kaka hebu tazama mwenyewe, saa zote hizi zinasema hata saa tano haijafika, mashahidi wote hawa, unataka nini tena? Akaanza kulainika kabisa, jicho likaangukia mezani. Accutron ya mzee. Mshale wa sekunde unateleza bila kuruka, na inasoma sawasawa na simu yake.

Haikukwama! Zote za kwazi, hizi za kawaida zenye kipande cha fuwele (quartz) ndani, zilisimama, na kwazi yenyewe inatetemeka mara 32,768 kwa sekunde lakini kimyakimya, hii inayoimba ndo imepita katikati ya Mvumo kama haikusikia. Nahisi mwenye sauti yake hagandishwi, ila hiyo ni akili yangu ya fundi msinishikie bango. Nikatoa elfu mbili roho inauma, nimetolewa ushahidi na saa niliyoitengeneza kwa mkono wangu.

Saa 6
Kijana bado anahesabu noti zake taratibu, analamba kidole, anahesabu upya, mara meno hayo.

Saa 8 kasoro
Simu yake inaita mpaka inatetemeka mezani, missed call kibao za bosi. Alitakiwa Buguruni saa saba kupeleka makusanyo. Namsikia bosi toka huku nilipo, anafoka, mwisho kabisa nikasikia neno faini. Kijana kakaa kwenye stuli yangu kimya, hata chapati iliyobaki nikampa.

Saa 12 jioni
Mzee kachukua saa yake, kaiweka sikioni akacheka, kalipa bila kupunguza hata mia, Mungu amjaalie. Nafunga meza, kijana karudi. Anauliza kama naweza kumtafutia na yeye saa ya kuimba, mfukoni hana hela kwa sasa lakini atalipa pole pole. Nikamwambia hamna shida mdogo wangu, marejesho kila siku, mwisho saa tano kamili.