Santuri juu ya Kisiki

Wiki hii binti yangu aliniuliza kama ni kweli kwamba zamani watu walisikiliza nyimbo kwa kukwaruza sahani kwa sindano, nami nikamkumbuka Babu, jioni ile ya London alipokuja kututembelea kutoka Tanga na baridi ikamfungia ndani.

Tulimwekea The Running Jumping & Standing Still Film ya mwaka 1959, filamu ya dakika 11 ambayo mwongozaji Richard Lester, wachekeshaji Peter Sellers na Spike Milligan, na wenzao waliitengeneza uwanjani kwa Jumapili mbili, kwa gharama ya takriban pauni 70. Ni vichekesho vifupi vinavyofuatana bila hadithi, vikisindikizwa na muziki wa jazi wa Lester mwenyewe, na kwa kuwa maneno ni kama hayamo, tuliona itamfaa mzee asiyependa Kiingereza. Mwanamke anayesugua majani ya uwanja kana kwamba ni sakafu hakumshughulisha hata kidogo.

Kisha mtu mmoja akaweka sahani ya santuri juu ya kisiki cha mti, akashika sindano na kuanza kukizunguka kisiki mbio, na muziki ukatoka. Sisi tuliangua kicheko. Babu alisogea mbele kitini, akanyoosha kidole na kukizungusha hewani huku midomo yake ikihesabu, halafu akaniagiza nirudishe nyuma. Nilirudisha. Akahesabu tena, kwa makini ya fundi anayekagua kazi ya mwanafunzi.

“Haiwezekani, mjukuu wangu,” alitamka hatimaye. “Sahani zile zinataka mizunguko 78 kwa dakika. Huyu hafikishi hata 20. Hapo ungesikia mtu anakoroma.”

Akatueleza kwamba utotoni yeye ndiye aliyetia ufunguo mashine ya santuri ya barazani ili sahani izunguke, na kwamba alipozembea, sauti ya Siti binti Saad, mwimbaji wa taarabu wa Zanzibar aliyerekodiwa Bombay mwaka 1928, ilizidi kuwa nzito hadi ikawa ya mwanamume, na wakubwa wakamgombeza. Hapo ndipo alipocheka, peke yake, akatushinda wote kwa muda.

Huwa nafikiri kwamba anayeijua sana mashine hawezi kuchekeshwa nayo, lakini kila nikimfikiria Babu hoja hiyo hainisimamii. Kuhusu yule bwana wa filamuni anayeitwa kwa kidole kutoka mbali, akavuka uwanja mzima na kupigwa ngumi ya uso, Babu hakuona kichekesho chochote: “Umeitwa na mtu usiyemjua, nawe ukaenda. Ulitarajia chai?”