Nilivyojifunza Kazi Zote ili Filamu Ibaki Yangu

Watu wakiniona nashika kamera, nimevaa hedifoni, na bado naongoza waigizaji, hudhani ni ukata tu. Ukata ulikuwepo, lakini nilichokuwa nakilinda ni haki zangu. Enzi za DVD, waandaaji wengi wa Bongo Movie waliuza kazi jumla kwa wasambazaji wa Kariakoo: unalipwa kwa mkupuo, unakabidhi masta, yaani nakala mama ya filamu, na haki zote zinakwenda nayo. Hawakuwa wajinga. Walikuwa wanadaiwa na kila mtu, kuanzia mpiga picha hadi mwenye jenereta. Nikaona nikipunguza madeni, hakuna atakayenilazimisha kuuza.

Shule yangu ilikuwa kurekodi harusi. Bibi harusi haambiwi arudie kuingia ukumbini, kwa hiyo unajifunza kulisoma tukio kabla halijatokea. Humo ndimo nilimojua dawa ya ile mistari inayotambaa kwenye picha chini ya taa za tyubu: umeme wetu ni wa hezi 50, basi weka shata (muda kamera inaopokea mwanga kwa kila picha) 1/50 ya sekunde na fremu, yaani picha, 25 kwa sekunde, inapotea. Na hela za harusi ndizo zilizoninunulia lenzi, kisha maiki.

Sauti ndiyo ninayomsisitizia kila kijana. Mtazamaji atavumilia picha yenye chenga. Maneno asiyoyasikia hayavumilii hata kidogo. Filamu yangu tuliishuti kwenye nyumba ya kupanga Sinza, sakafu ya vigae, mwangwi mtupu. Tukatandika mablanketi, tukaning'iniza vitenge pale kamera isipofika, tukazima friji na feni. Kila onyesho likiisha nawaomba wote wanyamaze nusu dakika nirekodi ukimya wa chumba kile kile. Ukikata maneno wakati wa kuediti, huo ndio unaoziba mapengo.

Kuediti nako kulinifanya niwe mwongozaji bora. Ukishakesha na picha zisizoungana, siku nyingine hutasahau kuchukua uso wa anayesikiliza.

Hata hivyo kuna onyesho ambalo sikushika kamera: mama anapokea habari za msiba. Rafiki yangu aliniambia, "Kaka, wewe kaa na mama, hii niachie mimi." Nikaketi sakafuni karibu na mwigizaji, nikimsemesha taratibu mpaka alipokuwa tayari. Kujua kazi zote kusikufanye uzing'ang'anie zote siku moja, hasa mbele ya mtu anayelia.

Filamu ilipopata kibali cha Bodi ya Filamu, sikuwa na deni la mtu. Kituo cha televisheni kilipotaka kuinunua moja kwa moja, nilikataa kwa heshima, nikawapa mkataba wa kuionyesha Tanzania tu, kwa muda maalumu. Wakasaini. Muda ukaisha, nikaipeleka kwingine, na masta bado ninayo mimi.